Mohamed Amin aliuza picha, ghala akabaki nalo

WAPO wazazi wengi, wa mjini na wa shamba, ambao kijana wao akiwaambia anataka kuwa mpigapicha za filamu, jibu lao huwa moja tu: kwanza tafuta kazi. Kwao kamera ni kitu cha harusini. Ni shughuli ya kijana aliyekosa ajira, anayekodi kamera ya mwenzake, anayelipwa baada ya sherehe endapo kamati haijaishiwa fedha, na ambaye Kwaresima au mwezi wa Ramadhani ukiingia hukaa barazani akisubiri watu waanze kuoana tena.

Sina sababu ya kuwabeza wazazi hao, kwa maana hofu yao ina msingi. Mpigapicha wa kujitegemea hana mshahara wa mwisho wa mwezi. Hana likizo, hana pensheni, na akiugua wiki mbili hakuna anayemlipa. Lakini hebu tujiulize, ni nani miongoni mwa wasomaji wa ukurasa huu mwenye vitu hivyo? Mkulima wa mahindi anavyo? Mama muuza dagaa sokoni anavyo? Mwenye duka la pembejeo anavyo? Wote wanaishi kwa kile walichozalisha na kwa bei waliyoipata siku hiyo.

Ndiyo maana leo naomba tuiangalie kazi ya kamera kama tunavyoangalia kilimo na biashara. Tuitazame kwa mtu mmoja, Mohamed Amin, mtoto wa Nairobi aliyekulia Dar es Salaam na ambaye kamera yake ilifika kila pembe ya bara hili kwa zaidi ya miaka 30. Maoni yangu ni kwamba kilichomtofautisha Amin na maelfu ya wenye kamera waliokufa maskini hakikuwa jicho zuri tu. Alijua kuuza zao bila kuuza shamba, na alijua kuweka ghala. Hilo ni somo kwa kila anayejiajiri, na pia lipo swali zito ambalo kazi yake imewaachia wakulima.

Kuanza bila soko la nyumbani

Amin alizaliwa Agosti 29, 1943 katika mtaa wa Eastleigh, Nairobi, katika familia yenye asili ya Punjab. Baba yake alikuwa mfanyakazi wa reli, na akiwa bado mtoto familia ilihamia Dar es Salaam. Hapo ndipo aliposoma na ndipo alipojipatia kamera yake ya kwanza, Box Brownie ya mtumba, ile kamera ya sanduku iliyokuwa ya bei nafuu na isiyo na mbwembwe. Mwaka 1963, akiwa hajatimiza hata miaka 21, akafungua kampuni yake hapo hapo Dar es Salaam, akaiita Camerapix.

Mfanyabiashara yeyote atauliza swali la kwanza: soko lilikuwa wapi? Tanganyika ya mwaka 1963 haikuwa na kituo hata kimoja cha televisheni. Zanzibar ilikuja kupata televisheni yake katika miaka ya sabini, na Bara tulisubiri hadi mwaka 1994. Kijana wa miaka 20 alikuwa anazalisha bidhaa ambayo mji wake mwenyewe haukuwa na pa kuitazamia.

Soko lilikuwa ng'ambo. Mashirika ya habari na vituo vya televisheni vya Ulaya na Marekani vilihitaji picha kutoka Afrika wakati nchi zilipokuwa zinapata uhuru moja baada ya nyingine, na kumtuma mtu kutoka London kila lilipotokea jambo ilikuwa gharama kubwa. Amin aliona pengo hilo. Alikuwepo karibu, aliongea Kiswahili, na aliwajua watu wa bandarini, uwanja wa ndege na maofisini. Mapinduzi ya Zanzibar ya Januari 12, 1964 yalipotokea, yeye hakuwa na safari ndefu ya kuyafuata.

Lakini ugumu wa soko la mbali anaujua kila mkulima wa mboga. Filamu ya zama hizo ilikuwa utepe hasa, si kitu cha kutuma kwa simu. Ukishapiga ulipaswa kuifunga, kukimbia nayo uwanja wa ndege, kumtafuta wa kuibeba, kisha kuomba Mungu ndege isichelewe. Ikifika ilibidi isafishwe kwa dawa, ikaukaushwe na ikatwe ndipo ionyeshwe. Siku mbili zikipita habari imeoza kama nyanya kwenye tenga. Mpigapicha wa kujitegemea aliyepiga picha nzuri na kushindwa kuisafirisha hakuwa na cha kudai. Kwa hiyo nusu ya ufundi wa Amin ilikuwa usafirishaji: kujua ratiba za ndege, kujua kibali kinatolewa na nani, kujua ni mlango upi wa kubisha.

Na soko hilo lilikuwa na hatari ambazo hazimo kwenye vitabu vya biashara. Mwaka 1966 alikamatwa Zanzibar na kuwekwa gerezani karibu mwezi mzima kwa sababu ya picha alizopiga, kisha akafukuzwa nchini. Alirudi kwenye mji aliozaliwa, Nairobi, na kampuni yake akaihamishia huko. Mtaji wake wa miaka mitatu, yaani watu aliowajua na mitaa aliyoizoea, aliuacha nyuma. Wangapi kati yetu wangeanza upya?

Julai 5, 1969 Tom Mboya alipigwa risasi katikati ya Nairobi. Amin alifika mapema kuliko wenzake, akaendelea kupiga picha hadi ndani ya gari la wagonjwa. Mkanda huo ulimpatia mwaka huo huo tuzo ya mpigapicha bora wa televisheni nchini Uingereza. Mwaka 1980 alikuwa pamoja na mwandishi wa BBC Brian Barron waliompata Idi Amin uhamishoni Saudi Arabia na kumhoji mbele ya kamera. Majina yamefanana tu, hawakuwa ndugu.

Mazao zaidi ya moja

Hadi hapa unaweza kusema kwamba hiyo ni hadithi ya mtu jasiri mwenye bahati. Ingekuwa hivyo kama angeishi kwa habari za televisheni peke yake. Habari hulipwa mara moja, na inayonunuliwa leo kesho haina mnunuzi. Anayeitegemea hiyo tu ni sawa na mkulima wa zao moja ambaye bei ikianguka hana pa kushika.

Amin alifanya jambo ambalo linaonekana dogo lakini ndilo lililojenga kampuni. Alipokwenda kazini alibeba kamera ya filamu begani na kamera za picha za mnato shingoni. Filamu ya habari ilikwenda kwa wakala aliyeilipia, Visnews ya London, ambayo baadaye alikuja kuwa mkuu wake kwa Afrika. Picha za mnato ziliingia katika makabati ya Camerapix. Safari moja, nauli moja, hoteli moja, lakini mazao mawili. Mkulima anayepanda maharage katikati ya mahindi haelezwi maana yake, anaijua.

Kutoka katika makabati hayo vilitoka vitabu. Mwaka 1978 kilitoka Pilgrimage to Mecca, cha picha za Hija. Mwaka 1981 kikatoka Cradle of Mankind, kuhusu watu na nchi ya Ziwa Turkana, na mwaka uliofuata Journey through Kenya. Vikafuata vingine vya Tanzania, vya Pakistan, vya wanyama na vya reli ile ile iliyomlisha baba yake. Camerapix ikachapisha pia miongozo ya watalii na jarida la abiria wa shirika la ndege la Ethiopia, Selamta. Picha iliyopigwa kwa ajili ya habari ya siku moja ikauzwa tena kama ukurasa wa kitabu, ikauzwa tena kwa jarida, ikauzwa tena kwa mwenye kutaka kalenda.

Hapo ndipo tofauti ya mpigapicha na kibarua wa kamera inapoonekana. Kibarua huuza siku yake, na jua likizama hana kitu isipokuwa ujira. Mpigapicha mwenye akili ya biashara huuza ruhusa ya kutumia picha, na picha yenyewe hubaki kwake. Sisi wakulima tunalijua jambo hili kwa upande wake mbaya. Kagera wanaliita butura: kahawa inauzwa ikiwa bado maua mtini, kwa sababu mwenye shamba ana shida ya leo. Mnunuzi anavuna, anakoboa, anauza kwa bei ya msimu, na mwenye shamba anabaki kutazama malori yakipita. Vijana wetu wengi wenye kamera wako kwenye butura. Wanakabidhi kadi yote ya picha kwa malipo ya siku moja, hawaandiki chochote, hawabakizi nakala, na mwaka ukiisha wanaiona kazi yao kwenye bango la barabarani bila jina lao.

Korem, Oktoba 1984

Kazi iliyomfanya Amin ajulikane duniani inatuhusu sisi wa jembe moja kwa moja, kwa hiyo naomba tuikalie kidogo.

Mwaka 1983 na 1984 mvua zilikosekana kaskazini mwa Ethiopia, katika majimbo ya Wollo na Tigray. Mashirika ya misaada yalikuwa yanapiga kelele kwa miezi, lakini dunia haikusikia, na serikali ya Mengistu Haile Mariam, iliyokuwa inajiandaa kwa sherehe kubwa za miaka 10 ya mapinduzi mwezi Septemba 1984, haikutaka wageni wenye kamera huko. Amin alishikilia mazungumzo na maofisa hadi vibali vikatoka. Mwezi Oktoba akaingia Korem na Mekele pamoja na Michael Buerk wa BBC na wenzao wachache.

Nje ya mji mdogo wa Korem walikuta makumi ya maelfu ya watu wamelala kwenye baridi ya mlimani wakisubiri chakula ambacho hakikuwepo. Amin alipiga picha kwa utulivu, karibu na nyuso, bila papara. Taarifa hiyo haikufika hata dakika 10. Ilionyeshwa na BBC Oktoba 23, 1984, NBC ya Marekani ikaionyesha jioni hiyo hiyo, na kwa jumla ilirushwa na vituo 425 na kuonwa na watu wanaokadiriwa kufikia milioni 470. Desemba mwaka huo wanamuziki wa Uingereza wakatoa wimbo wa kuchangisha fedha, wenzao wa Marekani wakafuata mwaka 1985, na Julai 13, 1985 yakafanyika matamasha ya Live Aid huko London na Philadelphia. Fedha zilizochangwa zilipita dola milioni 100, mbali na nafaka na dawa zilizotolewa na serikali mbalimbali baada ya wananchi wao kuzibana.

Hakuna mtu mwenye haki atakayesema mkanda ule haukuokoa maisha. Uliokoa. Pamoja na hayo, wanaokadiriwa kuwa laki nne hadi milioni moja walikufa katika njaa ile, na wengi wangeendelea kufa kimya kimya kama kamera isingefika. Mara nyingine thamani ya kazi ya mtu haipimwi kwa ankara aliyoandika.

Kisichoonekana katika picha

Hata hivyo mkulima anayeitazama picha ya Korem ana haki ya kuuliza: je, watu wale walikuwa ni nani kabla ya kufika pale? Walikuwa wakulima. Walikuwa na maksai wa kulimia, mbegu za teff na shayiri, na madeni na majirani na mipango ya msimu. Picha ilionyesha mwisho wa safari yao. Haikuonyesha jinsi walivyoanza kuuza mbuzi, kisha ng'ombe wa maziwa, kisha maksai, huku bei ya mifugo ikiporomoka kwa kuwa kila mtu anauza, na bei ya nafaka ikipanda kwa kuwa kila mtu anatafuta. Hilo halihitaji ufafanuzi kwa mfugaji wa Monduli au wa Isiolo. Amekwisha kuliona.

Wala picha haikuonyesha sera. Shirika la serikali la kununua mazao liliwapangia wakulima mgawo wa nafaka ambao lazima wauze kwa bei iliyowekwa, chini ya bei ya soko. Biashara binafsi ya nafaka ilibanwa, na vizuizi barabarani viliwazuia wafanyabiashara wadogo kuhamisha chakula kutoka kilipozidi kwenda kulikokosekana. Juu ya hayo palikuwa na vita kati ya serikali na waasi wa Tigray, vilivyofunga masoko na kuteketeza mashamba. Ukame ulikuwepo, hilo ni kweli. Lakini ukame peke yake hupunguza mavuno. Ili yageuke kuwa Korem, ilihitajika vita, bei ya kulazimishwa na soko lililofungwa.

Mtazamaji wa ng'ambo aliona ardhi kavu na watoto waliokonda, akaelewa kwamba Afrika haina mvua na mkulima wake hajui kujisaidia. Picha hiyo ya mkulima wa Kiafrika mwenye mkono ulionyooshwa imedumu hadi leo katika mabango ya kuomba michango. Sisemi kosa ni la Amin. Alikuwa mpigapicha wa habari aliyepewa siku chache na dakika chache, na alifanya kilichowezekana. Ninachosema ni kwamba mwenye kamera ndiye mwenye simulizi, na wakulima wa Wollo hawakuwa na kamera.

Tusisahau pia kwamba nchi hiyo hiyo ilikuwa imeona jambo hili miaka 11 kabla. Mwaka 1973 Mwingereza Jonathan Dimbleby alionyesha filamu ya njaa ya Wollo ambayo mfalme Haile Selassie alikuwa ameificha, na filamu hiyo ilichangia kuanguka kwake mwaka 1974. Serikali iliyoingia baada yake ilijua vizuri nguvu ya kamera. Iliona ni heri kuizuia kamera kuliko kuzuia njaa.

Gharama yake

Nisije nikaonekana nawadanganya vijana kwamba kazi hii ni tambarare. Juni 1991, siku chache baada ya serikali ya Mengistu kuanguka, ghala la silaha lililipuka Addis Ababa wakati Amin na wenzake wakipiga picha. Fundi wake wa sauti, John Mathai, alikufa. Amin alikatika mkono wa kushoto. Kwa mpigapicha, hiyo ni sawa na mvuvi kupoteza mtumbwi, pengine zaidi. Alikwenda Marekani akawekewa mkono wa bandia wenye mitambo, na baada ya miezi alirudi kazini na kamera yake.

Novemba 23, 1996 alikuwa anarejea Nairobi kutoka Addis Ababa kwa ndege ya Ethiopian Airlines namba 961. Watekaji watatu waliilazimisha ndege kwenda Australia ilhali mafuta hayakutosha. Ilianguka baharini karibu na ufuko wa Ngazija, Komoro. Kati ya watu 175 waliokuwamo, 125 walikufa, akiwemo Amin, aliyekuwa na miaka 53, na mwandishi Brian Tetley, mwenzake wa miaka mingi katika vitabu.

Jina la Mathai nimelitaja makusudi. Katika kazi hizi huwa anatajwa mwenye kamera, na mwenye kushika maikrofoni, dereva na mkalimani wanasahaulika, ingawa risasi haimchagui mtu kwa cheo. Anayefungua kampuni ya picha leo na kuajiri vijana wawili, ajue kwamba kuwawekea bima na akiba ni sehemu ya gharama za uzalishaji kama ilivyo betri na mafuta ya pikipiki. Mifuko ya hifadhi ya jamii siku hizi inapokea pia michango ya waliojiajiri wenyewe. Kisingizio cha kwamba hayo ni mambo ya waajiriwa kimepungua nguvu.

Ghala lililobaki

Biashara nyingi za mtu mmoja huzikwa na mwenyewe. Duka linafungwa siku ya arobaini, mashine inauzwa, watoto wanagawana viti. Camerapix haikufa mwaka 1996. Mtoto wake, Salim Amin, aliiendeleza, na mwaka 2006 ilitoka filamu kuhusu baba yake, Mo & Me. Mamilioni ya picha na maelfu ya saa za mikanda zilizokusanywa tangu uhuru wa nchi zetu zilibaki katika hifadhi Nairobi, na katika miaka ya karibuni maelfu ya picha hizo yamewekwa kwenye intaneti ili Waafrika wazione. Anayetaka kuonyesha watoto wake nchi hizi zilivyokuwa miaka ya sitini na sabini lazima apite kwenye ghala hilo.

Waswahili wamesema, mali bila daftari hupotea bila habari. Picha isiyo na tarehe, mahali na majina ya waliomo ni karatasi tu. Yenye maelezo hayo ni mali ambayo baada ya miaka 20 bei yake inapanda badala ya kushuka. Katika mazao yote ninayoyajua, sioni jingine linalokaa ghalani bila kufumuliwa na dumuzi na ambalo kadiri linavyokaa ndivyo linavyotafutwa.

Mfumo wa stakabadhi ghalani ulipoanzishwa kwetu kwa sheria ya mwaka 2005, hoja ilikuwa hiyo hiyo: asiyelazimika kuuza siku ya mavuno ndiye anayepata bei. Tumeuona katika korosho pamoja na matatizo yake, na tumeona pia jinsi kangomba inavyorudi pale mkulima anapokosa fedha ya kula leo. Kuweka ghala kunahitaji uvumilivu, na uvumilivu unahitaji kitu cha kula wakati unasubiri. Amin alikula habari za kila siku huku ghala likijaa.

Tufanye nini?

Kwa kijana mwenye kamera, au mwenye simu nzuri ambayo sasa inapiga video inayofaa kuonyeshwa popote, nina ushauri wa wazi. Kwanza, usianze kazi kabla ya karatasi. Sheria ya hakimiliki ya mwaka 1999 inaitambua picha na filamu kuwa ni mali yenye mwenyewe, lakini sheria haiwezi kukusaidia ulipokubali kwa mdomo kuacha kila kitu. Andika mteja amenunua nini: ni matumizi ya mara moja, ni ya mwaka mzima, au amenunua yote moja kwa moja? Kila moja ina bei yake, na ya mwisho inapaswa kuwa kubwa kupita zote.

Pili, bakiza nakala mbili katika sehemu mbili tofauti, na daftari la tarehe, mahali na majina. Tatu, usikae kwenye zao moja. Anayepiga harusi Jumamosi anaweza kupiga video ya mafunzo ya kilimo Jumanne, tangazo la duka la pembejeo Alhamisi, na bado akawa na simulizi yake ndefu ya mto unaokauka au ya soko linalojengwa, anayoikusanya kidogo kidogo kwa miaka. Hiyo simulizi ndefu ndiyo filamu yake ya makala, na ndiyo itakayobeba jina lake.

Kwa mzazi, nasema hivi: usimwulize kijana kama kamera ni kazi. Mwulize ana daftari? Ana mikataba? Kamera ni yake au ya kukodi? Anaweka nini akiba? Akikujibu vizuri, amekwisha kuwa mfanyabiashara. Akishindwa kujibu, hata ungempa ekari 10 angezifuja.

Na kwa mkulima na ushirika wake, nasema jambo ambalo sijasikia likisemwa vya kutosha. Kila mwaka wanakuja watu wenye miradi na magari, wanapiga picha za mashamba yetu, za wake zetu wakipalilia, za watoto wetu wakichota maji, wanaondoka. Picha hizo zinakwenda kuandikiwa maombi ya fedha na kutangazia mbegu na mbolea. Sisi hatubaki na hata moja. Ni vyema ushirika ukaanza kudai mambo mawili: kuelezwa picha zinakwenda kutumika wapi, na kuachiwa nakala. Tena, ushirika wenye wanachama mia moja haushindwi kumteua kijana mmoja wa kijijini, kumlipa kidogo, na kumtaka aweke kumbukumbu ya kila msimu. Apige picha ya shamba kabla na baada ya mafuriko, ya mizani ya mnunuzi, ya magunia ya lumbesa yanayopakiwa usiku na ya barabara iliyokatika. Siku ya kudai fidia au ya kubishana na wakala wa mazao, picha yenye tarehe hujibu hoja nyingi kuliko maneno ya mwenyekiti.

Wakulima wa Korem walionwa na nusu bilioni ya watu, lakini hakuna hata mmoja wao aliyepata nafasi ya kueleza ni nani aliyechukua nafaka yake kabla mvua haijakatika. Tukitaka yasitukute ya namna hiyo, tusisubiri kamera ije na ndege wakati maksai wamekwisha kuuzwa. Tuwe na zetu, tuziwekee ghala, na ufunguo wa ghala hilo ukae kwetu.